Makuli wamejiunga na chama, geti limefungwa: je, hawa ni wafanyakazi wangu?

"Assalamu alaikum, wakili. Nina godauni Shimanzi, Mombasa, nililoachiwa na marehemu baba. Tunaweka mchele, sukari na chai ya wateja wanaosafirisha nje. Wafanyakazi wangu wa mwezi ni kumi na wawili: mameneja wawili, waliobaki ni makarani, madereva na walinzi. Kupakia na kupakua hufanywa na makuli kama thelathini na watano wanaoletwa na nyapara wao. Mimi humlipa nyapara kwa kila kontena, kwa M-Pesa, na yeye huwagawia wenziwe. Wengine wako hapo tangu enzi za baba. Mwezi uliopita chama cha wafanyakazi kiliniletea barua na fomu zenye sahihi 26, kikitaka nianze kukata ada na nisaini mkataba wa kukitambua, yaani kukubali kujadiliana nacho kwa niaba ya wafanyakazi. Sahihi mbili ni za makarani wangu, zilizobaki ni za makuli. Sikujibu. Wiki iliyopita nilileta vijana wengine kutoka Changamwe, makuli wakafunga geti na malori matatu yakalala nje. Sasa ofisi ya leba imeniita kikao. Majirani wananiambia nisiende, kwani nikienda nitakuwa nimekubali kuwa ni watu wangu. Afadhali niende mahakamani nipate agizo la kuwaondoa. Tena kuna mmoja aliangukiwa na magunia mwezi wa tatu akavunjika mguu, nikamlipia hospitali kwa ubinadamu tu. Naweza kulazimishwa kukubali chama hiki?"

Waalaikumu salaam, dada yangu. Nimeisoma barua yako zaidi ya mara moja, maana ndani yake mna maswali matano yaliyovaa nguo ya swali moja. Kabla ya yote, nenda kwenye kikao cha leba. Majirani zako wanakutakia mema, lakini ushauri huo umewaponza wengi.

Kwenda kikaoni si kukiri kitu. Chama kikishaona hujajibu, Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya 2007 inakiruhusu kupeleka mgogoro kwa Waziri wa Leba, na waziri ana siku 21 za kuteua mpatanishi. Mpatanishi naye ana siku 30 za kujaribu kuwapatanisha, isipokuwa nyinyi wenyewe mkikubaliana kuongeza. Yeye si hakimu wala hatakuhukumu. Unaweza kuingia na barua ya ukurasa mmoja inayosema wazi kwamba unahudhuria kwa heshima ya sheria, na kwamba unapinga kuwa makuli hawa ni waajiriwa wako. Msimamo wako utabaki salama. Usipokwenda, mpatanishi ataandika kuwa suluhu imeshindikana kwa sababu mwajiri hakutokea, na karatasi hiyo ndiyo itakayotangulia mbele ya jaji. Kuanza kesi na doa kama hilo ni hasara ya bure.

Sasa tuje kwenye fundo lenyewe. Ukiniuliza kama unaweza kulazimishwa kukitambua chama, nitakujibu kwa swali: makuli wale ni wa nani? Likijibiwa hilo, karibu mengine yote yanajipanga.

Wafanyabiashara wengi wa hapa mjini wanaamini kwamba ukimlipa nyapara, na nyapara akawalipa wenziwe, basi umeshajitoa. Sheria haiangalii hivyo. Mahakama huangalia mambo yanavyokwenda kila siku pale kazini, hata kama karatasi zinasema jingine. Nani anayeamua kontena lipi lifunguliwe kwanza? Kuli akija amelewa, anayemrudisha nyumbani ni nyapara au ni karani wako wa tali, yule anayehesabu mizigo? Je, genge hili linapakia pia kwa jirani wiki hiyo hiyo, au linakaa kwako Jumatatu hadi Jumamosi likingoja lori? Mikokoteni na kulabu ni mali ya nani? Majina yao yamo kwenye kitabu cha mlinzi getini? Umesema wengine wapo tangu enzi za baba. Mtu aliyebeba magunia chini ya paa lile lile miaka kumi ni vigumu kumwambia jaji kuwa ni mpita njia.

Na huyo nyapara ni nani kisheria? Kama ana kampuni iliyosajiliwa, ana namba ya KRA, mamlaka ya kodi, anawalipia watu wake NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, ana bima ya ajali, anakuletea ankara na anaweza kukataa kazi yako akaenda kwingine, huyo ni mkandarasi, na makuli ni wake. Kama hana chochote ila simu na daftari, mahakama itamwona kuwa ni msimamizi wako uliyemwongezea jukumu la kugawa mishahara. Taarifa zako za M-Pesa zitasoma hivyo hivyo: pesa imetoka kwa kampuni, kila Ijumaa, kwenda kwa mtu yule yule, mwaka baada ya mwaka. Mwaka 2013, katika kesi iliyohusu kampuni ya Wrigley, mahakama ya kazi ilikubali kwamba mwajiri ana haki ya kukabidhi baadhi ya kazi kwa watu wa nje, ila asifanye hivyo ili kukwepa haki za wafanyakazi au kukivunja nguvu chama chao. Kwa mwenye godauni hili ni zito, kwa kuwa kupakia na kupakua si kazi ya pembeni kama kufagia ua. Ukiiondoa hiyo, godauni limebaki kuta.

Kuna jambo moja liko upande wako, na nakupa kwa tahadhari. Sheria ya Ajira ya 2007 inasema kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa siku na asiyeajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kifungu cha 37 kinaongeza kuwa kibarua akifanya kazi siku mfululizo ambazo jumla yake si chini ya mwezi mmoja, au akipewa kazi ambayo haitarajiwi kwisha ndani ya miezi mitatu, mahakama inaweza kumhesabu kuwa mwajiriwa wa mkataba wa kawaida. Lakini makuli wako hawalipwi kwa siku. Wanalipwa kwa kontena, na hiyo sheria inaiita kazi ya kipimo. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa, katika kesi ya wafanyakazi wa kampuni ya chumvi ya Krystalline Salt hapa hapa Pwani, ilieleza kuwa sheria inatambua mikataba ya aina nne: wa muda usio na kikomo, wa muda maalumu, wa kazi ya kipimo na wa kibarua, na kwamba kifungu cha 37 kinamzungumzia kibarua, hakimgusi wa kazi ya kipimo. Hivyo kuli anayelipwa kwa kontena hageuki kuwa wa kudumu kwa kifungu hicho.

Watu huisikia kesi hiyo wakashangilia mapema. Mwenye kazi ya kipimo ni mwajiriwa bado. Ana haki ya kujiunga na chama, na ajali ikimpata ana haki zake. Kitu pekee asichopata kirahisi ni huo mgeuko wa kuwa wa kudumu. Na ukifika mahakamani huna hati hata moja ya kuonyesha masharti ya kazi, Sheria ya Ajira inauweka mzigo wa kukanusha madai juu ya mwajiri. Asiye na daftari ndiye anayeumia, na mara nyingi asiye na daftari ni mwenye mali.

Tufanye hesabu ya zile sahihi 26, maana hapa ndipo utaona kwa nini nimeng'ang'ania swali la makuli. Kifungu cha 54 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi kinasema mwajiri atakitambua chama kinachowakilisha zaidi ya nusu ya wafanyakazi wanaoweza kujiunga na chama. Mameneja wako wawili tunawatoa, kwani wao ni upande wa uongozi. Wamebaki kumi. Ukiongeza makuli 35 unapata 45, na zaidi ya nusu yao ni 23. Chama kina 26. Hapo mjadala umekwisha. Utakitambua, kwa hiari au kwa amri. Lakini kama makuli ni wa mkandarasi wa kweli, idadi yako ni kumi, chama kinahitaji sita na kina makarani wawili tu. Hapo hakuna wa kukulazimisha, na mlango wanaopaswa kuubisha ni wa mkandarasi.

Usihesabu majina kwa macho tu. Linganisha kila sahihi na namba ya kitambulisho na kitabu cha geti. Fomu huwa na majina ya walioondoka zamani, au ya mtu aliyesaini mara mbili. Angalia pia kama chama chenyewe kinaruhusiwa na katiba yake kuandikisha watu wa sekta yako. Mombasa tuna vyama vya bandarini, vya uchukuzi na vya biashara, na kuli wa godauni la Shimanzi anaweza kudaiwa na zaidi ya kimoja. Sheria inaitaka mahakama iangalie sekta ya mwajiri inapoamua ugomvi wa kutambuliwa. Kuomba nakala ya cheti cha usajili na katiba ya chama si ukorofi. Ni swali la haki na chama chochote makini kitakujibu.

Umechanganya pia mambo mawili ambayo karibu kila mwajiri huyachanganya: ada na utambuzi. Utambuzi unahitaji zaidi ya nusu. Ada haihitaji. Wafanyakazi wako wakisaini Fomu S, ile ya kukubali kukatwa ada, na chama kina agizo la waziri la kukatiwa ada, ambalo huelekezwa kwa mwajiri mwenye wanachama zaidi ya watano wa chama hicho, una siku 30 tangu kupewa taarifa uanze kukata na kupeleka. Kwa makarani wako wawili hakuna ubishi, ni wako, ila peke yao hawafiki idadi hiyo; lakini makuli wakihesabiwa kuwa wako na agizo la waziri lipo, siku zinahesabika tangu ile barua uliyoiweka kwenye droo. Ukichelewa, mahakama huweza kukuamuru ulipe kutoka mfuko wako mwenyewe, na wao hutawadai kitu. Mfanyakazi akitaka kujitoa anaandika barua mwenyewe. Nasisitiza mwenyewe. Majaji wameshaziona barua thelathini za kujitoa zilizopigwa chapa kwenye kompyuta moja, kwa tarehe moja, zenye kosa lile lile la tahajia, na hawazicheki.

Kuhusu geti. Mgomo si haramu nchini Kenya. Kifungu cha 41 cha Katiba kinautaja kuwa haki, na kifungu cha 37 cha Katiba hiyo hiyo kinaruhusu watu kukusanyika na kuandamana kwa amani bila silaha. Mji huu wenyewe ni shahidi: Januari 1947 Mombasa ilisimama kwa zaidi ya siku kumi, na Machi 1955 makuli wa bandari walipogoma alikuja Tom Mboya, kiongozi wa vyama vya wafanyakazi, kusimamia mapatano yao. Anayedhani vibarua wa Kilindini na Shimanzi hawajui kuungana hajauliza wazee.

Lakini haki hiyo ina ngazi zake. Mgomo unaolindwa na sheria ni ule unaohusu masharti ya kazi au utambuzi wa chama, ambao upatanishi umeshindikana, na ambao umetanguliwa na notisi ya maandishi ya siku saba kwako na kwa waziri. Waliofunga geti lako wiki iliyopita hawakupita ngazi hizo, kwa jinsi ulivyonieleza. Kwa hiyo ndiyo, ungeweza kwenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi hapa Mombasa ukaomba agizo la kusimamisha mgomo na kufungua njia. Nimesema mahakama hiyo kwa makusudi. Ukipeleka ugomvi wako na chama kwenye mahakama ya kawaida ya madai, huenda ukatupiliwa nje baada ya miezi na gharama, kwa kuwa migogoro ya mwajiri na chama ina mahakama yake kikatiba.

Ila angalia mtego uliomo. Ukiomba agizo la kuzuia mgomo wa wafanyakazi, unasema ni wafanyakazi. Ukisema si wafanyakazi wako, ni watu baki waliozuia mali yako, hapo ni suala la polisi na uvamizi. Huwezi kusimama kwenye miguu yote miwili. Wakili wako lazima achague mapema, na uchaguzi huo utakufuata hadi mwisho. Kama kuna watu wasiobeba hata gunia wanaodai pesa ili lori liingie, huo si uchama, ni kudai pesa kwa vitisho, na kituo cha polisi ndicho mahali pake. Usiwachanganye na makuli hata kama wamesimama getini pamoja.

Kuwafukuza wote na kuleta vijana wa Changamwe nakukataza waziwazi. Kujiunga na chama si sababu halali ya kumwachisha mtu kazi, na mahakama inaweza kumpa kila mmoja fidia ya hadi mishahara ya miezi kumi na miwili. Zidisha kwa ishirini na nne, yaani makuli waliosaini, halafu linganisha na gharama ya kukaa mezani. Kama kweli kazi imepungua, kuna utaratibu wake wa kupunguza watu, wenye notisi ya mwezi mmoja kwa chama na kwa afisa wa leba, na malipo ya siku zisizopungua 15 kwa kila mwaka aliotumikia mtu. Lakini mtu aliyeleta vijana wapya wiki hiyo hiyo hawezi kusema kazi imepungua.

Basi una njia gani? Unaweza kuendelea kama ulivyo, ukipigania kuwa makuli ni wa nyapara. Kwa ushahidi ulionieleza, sioni ukishinda. Unaweza kuingia mkataba na kampuni halisi ya upakiaji, yenye bima na hesabu zake. Ni halali, lakini ukifanya sasa hivi, barua ya chama ikiwa mezani, itaonekana ni kukimbia, na makuli wa zamani watakuwa na madai dhidi yako kwa miaka waliyokutumikia. Njia ya tatu ni kuwapokea kama wafanyakazi wa kazi ya kipimo, kwa mikataba ya maandishi, kisha kukitambua chama na kujadiliana.

Mimi ningekwenda na hiyo ya tatu, na si kwa huruma. Mkataba wa pamoja, ule watu wanaouita CBA, ukishasajiliwa mahakamani unazibana pande zote mbili. Mnaweza kuandika humo bei ya kontena la futi 20 na la futi 40, nyongeza ya kazi ya usiku, idadi ya watu katika genge, na hatua za malalamiko kabla ya mtu yeyote kugusa geti. Leo unajadiliana na nyapara ambaye bei yake hupanda kila meli ya mchele ikitia nanga. Gharama ipo, sikufichi: NSSF, kazi ya kumkata mfanyakazi na kupeleka bima ya afya ya jamii, asilimia 1.5 ya mshahara kwa ushuru wa nyumba ambayo nawe unalipia sawa na mfanyakazi, na bima ya ajali. Piga hesabu hiyo na mhasibu wako, kisha weka kando yake faini za makontena yaliyochelewa kurudishwa na malori yaliyolala nje. Inawezekana kwa ukubwa wa biashara yako hesabu ikakataa, na hapo kampuni ya nje yenye masharti mazuri, iliyokubaliwa mbele ya chama, itakuwa na maana zaidi.

Yule aliyevunjika mguu usimsahau kwa kuwa umeshamlipia hospitali. Ulifanya vyema, na wema wako peke yake haukufanyi mwajiri wake. Lakini kama ni mwajiriwa wako, Sheria ya Fidia kwa Majeraha Kazini ya 2007 ilikutaka uripoti ajali kwa mkurugenzi wa usalama na afya kazini ndani ya siku saba tangu upate habari. Umechelewa, ripoti hata hivyo. Usikubali mtu akushauri kumsainisha karatasi ya kwamba hatadai kitu. Haitakulinda, na itakuonyesha kuwa ulijua ana cha kudai.

Haya yote nimeyasema kwa ulichoniandikia, na barua haioni kila kitu. Tafuta wakili wa masuala ya kazi ana kwa ana kabla ya kikao, au kama umejiunga na Shirikisho la Waajiri, FKE, waombe mtu wa kukusindikiza. Chukua barua ya chama na fomu zote, kitabu cha geti cha miaka mitatu, taarifa za M-Pesa za malipo ya nyapara, orodha ya mishahara ya wale kumi na wawili, karatasi za hospitali, na jina la karani wa tali anayejua kazi inavyopangwa asubuhi. Mwambie wakili ukweli wote, hasa ule usioupenda. Na kama kabla ya kikao utaletewa notisi ya mgomo ya siku saba, mpelekee siku hiyo hiyo. Siku ya sita hakuna atakayekuandalia ombi la maana, na wateja wako wa chai hawatasubiri.